Mzigo Usiofunikwa

Jumatatu, 3 Machi

Lori la dada yangu mdogo limekamatwa leo asubuhi, na mpaka naandika hapa bado nimeduwaa. Mpwa wangu, ambaye ndiye dereva wake, alikuja kwangu kwa miguu, viatu kavishika mkononi. Hakunipa hata shikamoo.

"Mjomba, wamelichukua."

"Nani kachukua nini?"

Akakaa kwenye ngazi akakiinamia kiatu kimoja kana kwamba jibu limo ndani yake.

Nieleze kwa utaratibu, maana mtu akishtuka huchanganya mambo. Tangu mwaka jana ipo sheria inayokataza kuchota mchanga mtoni bila kibali. Mimi naiunga mkono. Nilifundisha jiografia mpaka nikastaafu, na najua kwamba mchanga ulio chini ya mto ndio unaoyapunguzia maji mbio. Ukiuondoa, maji hugeukia kingo na kuanza kuzila. Mchanga wa kilimani, ule mwekundu, hauhusiki. Unachimbwa kwenye mashimo ya juu, na lori la dada hubeba huo tu. Ila barabara ya kilimani na njia ya mtoni hukutana mahali pamoja, na ni hapo mkaguzi wa mto aliposimama na kuinua mkono.

Gari likikamatwa hukaa kwenye yadi ya wakaguzi hadi hakimu aamue. Ikithibitika mchanga ni wa mto na mwenye gari alijua, gari linataifishwa. Kama hakujua, anarudishiwa gari lake na dereva hubeba adhabu peke yake. Na kama mchanga si wa mto, kila mtu aende zake.

Dada yangu ni mjane. Lori hili likienda, anabaki na cherehani na magoti yasiyotaka tena kukanyaga cherehani.

Jumatano, 5 Machi

Nimekwenda yadi. Ni uwanja uliozungushiwa seng'enge, malori yamepangwa kama wagonjwa wanaosubiri daktari. Mlinzi ni mama mmoja mnene mwenye rundo la funguo shingoni. Aliponiona tu akacheka.

"Mwalimu! Shikamoo. Na wewe umeanza biashara ya mchanga uzeeni?"

"Marahaba, mama. Nimekuja kumwona mgonjwa."

Mkaguzi naye alikuwepo. Watu wanamwita Kifungu, kwa kuwa hawezi kuomba hata maji ya kunywa bila kutaja kifungu cha sheria. Kijana mkavu, suruali imepigwa pasi kali. Nilimsalimu, akaniitikia kama anayehesabu maneno asije akapungukiwa.

Nikapanda juu ya bodi la lori, kwa msaada wa mpwa wangu aliyenisukuma kwa nyuma bila heshima yoyote. Nikatia mkono mchangani. Mwekundu, punje zenye makali, umechanganyika na udongo. Mtoto wa darasa la tano angeweza kusema huu umetoka kilimani: punje za mto husuguliwa na maji zikawa laini. Nikamwonyesha Kifungu kiganja changu.

"Naona," alisema. "Lakini gari lilitokea upande wa mtoni. Nataka tuumwage wote chini tuutazame."

Nikakataa. Ukiumwaga umeharibu kielelezo. Nani atajua kesho kwamba lundo lile ni lile lile? Akasema basi ufunikwe kwa turubai mpaka mtaalamu wa makao makuu aje. Mpwa wangu akadakia haraka, "Ndiyo, ufunikwe." Nikakataa hilo pia. Chini ya turubai mtu anaweza kubadilisha mzigo usiku na asionekane, ila kilicho wazi kila apitaye ni shahidi wake. Mama mlinzi alinipigia makofi. Mpwa wangu alitazama matairi.

Alhamisi, 6 Machi

Nimeandika hati ya kiapo: kwamba nimeuona mzigo, nimeushika, na kwa elimu yangu ni mchanga wa kilimani. Wakili aliyeishuhudia aliniuliza kama nina hakika. Nilicheka.

Jumanne, 11 Machi

Mahakamani. Hakimu ni mwanamke mtulivu anayeandika kila kitu mwenyewe. Mpwa wangu amekana shtaka. Mimi nilisimama na kueleza habari ya turubai, pengine kwa urefu kuliko ilivyohitajika, na hakimu akakubali hoja yangu. Amri yake ni hii: mzigo usiguswe, usimwagwe, wala usifunikwe, mpaka mtaalamu afike.

Nilipogeuka kumpongeza dada, nilimkuta ameshika ukingo wa benchi kwa mikono miwili. Nikadhani ni furaha.

Ijumaa, 14 Machi

Mvua ya kwanza. Nyepesi, haikulowesha hata majivu.

Jumamosi, 22 Machi

Nimeshinda kwa dada. Alikuwa anashona sare za shule, pini mdomoni, na mimi nilikaa ukumbini kwake chini ya ukuta ambapo chekeche kubwa limetundikwa, lile la waya. Limekuwa jekundu kabisa kwa udongo. Nikamuuliza anachekecha nini siku hizi.

"Udongo wa kukandika banda la kuku," akasema.

Mdogo wangu huyu nimemlea mimi. Mama yetu alipofariki, yeye alikuwa bado anaogopa giza. Nilikuwa namsindikiza hadi chooni na kumwimbia nje ya mlango ajue nipo. Sijawahi kumsikia akisema uongo, hata wa kujinusuru na kiboko.

Mwanawe, huyo dereva, ni habari nyingine. Tulimpa jina la Gia tangu utoto kwa vile alikuwa haendi dukani ila kwa kuunguruma na kubadilisha gia. Zamani nilimpenda kwa hilo. Sasa hanitazami usoni. Nimemuuliza leo, "Siku ile ulikuwa unatokea wapi hasa?" kisha nikanyamaza kama nilivyokuwa nikinyamaza darasani. Hiyo ndiyo siri yote ya ualimu: unauliza, unasubiri, hata kimya kikiuma. Mwishowe mwanafunzi hujibu. Gia alisema anakwenda kujisaidia, akapita mlango wa nyuma na hakurudi.

"Muache mtoto," dada alisema. Kisha akaongeza, "Kaka, ile amri ya turubai haiwezi kubadilishwa? Mvua itaozesha bodi."

Nikamweleza tena, polepole, kwamba uwazi ndio ngao yetu. Alitikisa kichwa akarudi kwenye mshono.

Jumatatu, 31 Machi

Mtaalamu hakuja. Barabara ya makao makuu imekatika. Kesi imesogezwa.

Jumatano, 9 Aprili

Siamini nilichokiona leo. Kibanda cha pampu, kile kinachovuta maji ya mji mzima, kimeanguka mtoni.

Nilikuwa sokoni niliposikia mlio kama wa ukuta unaokohoa. Tukakimbia, na mimi nikakimbia, mzee mzima. Ukingo ulikuwa umekatwa kama mkate. Nusu ya kibanda ilikuwa bado imesimama, mlango wazi, na kwenye msumari koti la fundi wa pampu linaning'inia juu ya maji. Fundi mwenyewe alikuwa amekwenda kununua sabuni. Alisimama kati yetu, sabuni mkononi, akirudia, "Sasa hivi nilikuwa humo. Sasa hivi."

Kifungu alikuwa chini, maji yamemfika magotini, anapima. Hakutaja kifungu chochote. Aliinua uso akanikuta namtazama, akasema tu, "Wamechota hapa chini tangu mwaka jana, Mwalimu. Sijui wanapitaje."

Niliwalaani waliofanya hivyo, kwa sauti, mbele ya watu. Gia alikuwa nyuma yangu. Nilipogeuka hakuwepo.

Jumanne, 15 Aprili

Mvua. Tunachota maji kwenye mapipa ya jirani.

Jumatano, 16 Aprili

Mvua.

Alhamisi, 17 Aprili

Mvua. Dada amepiga simu tena kuulizia turubai. Nimemwambia atulie.

Alhamisi, 24 Aprili

Mkono wangu hautaki kuandika, lakini nisipoandika nitadhani niliota.

Mvua ilipumua leo, nikaenda yadi. Mama mlinzi alinipokea langoni bila mzaha, amezishika funguo zake kama mtu aliyeshika mtoto.

"Mwalimu, kabla hujasema kitu: mimi sijagusa. Naapa. Funguo hazijatoka shingoni."

"Kuna nini?"

"Njoo uone mwenyewe. Mzigo wenu umebadilika rangi."

Chini ya lori kulikuwa na dimbwi jekundu. Kwenye mbao za ubavuni, michirizi myekundu imeshuka kutoka kila ufa, kama mtu aliyelia na wanja. Nikapanda. Sijui nilipandaje, hapakuwa na wa kunisukuma. Juu, mchanga ulikuwa wa kijivu, safi, unang'aa. Nilipoushika ulipita vidoleni kama mtama. Na juu yake, kila mahali, makombe madogo ya konokono wa majini, meupe, yameoshwa na mvua yakaonekana vizuri kama vifungo vya shati.

Fikra yangu ya kwanza ni kwamba wamebadilisha mzigo. Nilishuka nikaenda moja kwa moja ofisini kwa Kifungu, tope mpaka kiunoni, nikampigia kelele. Nilimwita mwizi. Nilimwita mnafiki wa pasi. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa pumzi, kisha akanisogezea kiti.

"Mwalimu, magari ya yadi yanaonekana kutoka barabarani usiku na mchana. Ulisema mwenyewe, kila apitaye ni shahidi. Nani ameona mtu akibadilisha?"

Nikakisukuma kile kiti pembeni.

"Twende tutazame pamoja," alisema.

Tukarudi. Alipanda yeye, akanivuta kwa mkono. Akanionyesha kona ya nyuma, pale ambapo ubao wa mlango umejikunja kidogo na kuzuia mvua. Hapo palibaki kipande kidogo cha ule mwekundu, kimelala juu ya kijivu, tabaka jembamba lililo sawasawa, kama siagi iliyopakwa na mtu mwenye subira. Mvua ilikuwa imeyeyusha mengine yote na kuyapitisha kwenye nyufa. Hakuna aliyebadilisha mzigo. Ulikuwa hivyo tangu siku ya kwanza. Mimi niliuchota juu juu nikaapa.

Na nikautetea usifunikwe.

Kifungu hakucheka. Angecheka ningeweza kumchukia, ningepata nafuu.

Ijumaa, 25 Aprili

Gia nilimkuta kwa fundi wa matairi. Hata sikumuuliza.

"Inaitwa kofia, Mjomba," alisema. "Unabeba wa mto, juu unauvisha kofia ya kilimani. Mkaguzi anachota kiganja, anaona wekundu, anakuachia. Wengi wanafanya. Nilifanya peke yangu. Mama hajui kitu."

"Na kule kwenye pampu?"

Alifuta mikono kwa kitambaa kichafu kuliko mikono. "Kule pia."

Nilitaka kumpiga. Sijawahi kumpiga mtoto wa mtu, wala darasani, na leo nilitaka. Nikaondoka. Nilikuwa nimefika nusu ya njia ndipo likanijia lile tabaka, wembamba wake, usawa wake. Wapakiaji hutupa mchanga kwa koleo. Unaanguka mabonge mabonge. Ule ulikuwa umechekechwa.

Nikageuza njia nikaenda kwa dada. Chekeche halikuwepo ukutani. Palibaki alama yake tu, duara jekundu kwenye chokaa.

"Umeliweka wapi?" nikauliza.

Cherehani ilisimama. Hakuinua kichwa.

"Nimelichoma, Kaka. Waya umebaki. Utauona jalalani."

"Kwa hiyo ni wewe."

"Wapakiaji walikuwa wanaiharibu kofia. Mara nene hapa, mara tundu kule. Mtu yeyote angeona. Nikasema nitawachekechea mwenyewe nyumbani, waje kuchukua kwa magunia." Aliyasema haya kwa sauti ile ile anayonielezea jinsi ya kukata kola. "Wa kilimani ni mzito wa udongo, wajenzi hawautaki tena. Ningefanyaje? Lori linakula hata likisimama."

"Ungeniambia."

Hapo ndipo alipoinua uso, na sikumfahamu. Mtu niliyemwimbia nje ya mlango wa choo!

"Nikuambie lini? Umepanda juu ya mzigo ule kama unapanda jukwaani. Hukuniuliza kitu, ulinieleza. Nilikuomba ufunike, ukanieleza. Nikaomba tena, ukanieleza tena. Maisha yangu yote, Kaka, wewe unanieleza."

Nilitoka bila kuaga. Nimekaa gizani mpaka sasa, si kwa kukosa taa.

Ijumaa, 2 Mei

Gia amekuja, safari hii na shikamoo. Kesi ni Jumanne. "Mjomba, wewe sema tu kwamba Mama hakujua. Lori litarudi kwake, mimi nitafungwa kidogo, nitatoka. Mimi kijana." Alisema "nitafungwa kidogo" kama mtu anayeomba sukari kidogo.

Miezi miwili nilimdhania huyu mtoto ni mwongo kwa sababu hanitazami. Kumbe alikuwa anaibeba siri ya mama yake, na ilikuwa nzito, na macho ndiyo pekee aliyoweza kuyapumzisha.

Nilimsindikiza mpaka njiani bila kumwahidi kitu. Na dada hajanitafuta.

Jumanne, 6 Mei

Ukumbi ulijaa. Fundi wa pampu alikaa mbele, koti lile lile mwilini. Walilivua msumarini kwa upondo.

Nilisimama wa kwanza. Nikasema hati yangu ya kiapo niliiandika nikiamini ni kweli, na si kweli. Mchanga ule ni wa mto. Nikaanza kufafanua tofauti ya punje, hakimu akaniambia kwa upole, "Mwalimu, fupisha." Watu wakacheka. Nikafupisha: niliutazama juu juu tu.

Kisha Gia akasimama. "Nilifanya peke yangu. Mwenye gari hakujua chochote."

Hakimu aliandika. Halafu akaweka kalamu chini akanigeukia. "Mwalimu, wewe ni kaka yake mwenye gari. Alijua, au hakujua?"

Basi ndilo swali lenyewe. Ningesema hakujua, lori lingelala kwa dada usiku huu na mtoto angelala korokoroni. Ningesema alijua, ningekuwa nimemwuza dada yangu kwa mdomo wangu, na tena ningekuwa nimemsemea, kama kawaida yangu. Nilimtazama. Alikuwa anakunja ncha ya mtandio, anaikunjua, anaikunja.

"Mheshimiwa," nikasema, "naomba tusubiri kidogo."

"Tusubiri nini?"

"Jibu."

Hakimu alinikazia macho kwa muda. Sijui aliona nini, lakini hakuichukua kalamu. Ukumbi ukanyamaza. Nje matone yalikuwa yakidondoka kutoka kwenye paa. Nimesubiri majibu ya watoto miaka mingi, na sijawahi kusubiri kimya kama kile. Ulimi wangu ulikwisha kuandaa neno moja ambalo nisingelisamehe kamwe. Gia alitikisa kichwa kumwelekea mama yake: usisimame, usisimame.

Alisimama. Magoti yake yalilia, wote tuliyasikia.

"Nilijua," alisema. "Ule mwekundu nimeuchekecha mimi. Kijana alikuwa ananitii." Kisha akamgeukia fundi wa pampu, akataka kusema jambo, likamkwama. Akakaa.

Mtu mmoja nyuma alisema "Lo!" peke yake.

Jumanne, 20 Mei

Hukumu. Lori limetaifishwa. Kifungu, kwa mshangao wangu, ndiye aliyesimama kutaja kifungu kinachoruhusu aliyekiri mwenyewe asifungwe. Mama na mwana watapanda matete ukingoni, penye pampu, hadi msimamizi aridhike. Dada amepewa kazi ya kutayarisha miche akiwa amekaa, kwa ajili ya magoti.

Nje ya mahakama alipita karibu yangu. "Umeninyamazia," alisema. Sikuelewa kama ni lawama. Sikumwomba anieleze.

Jumamosi, 7 Juni

Mvua imekatika. Nimekwenda kwa dada mchana, na kwa mara ya kwanza tangu siku ile amenipa kiti bila kunionyesha tu kwa kidole. Alikuwa anashona. Gia alikuwa ametoka kwenye matete, tope limemkaukia miguuni, anakula kwa haraka. Sikueleza kitu chochote. Nilitazama ile alama nyekundu ukutani, hajaipaka chokaa.

Kisha tukalisikia kabla ya kuliona. Lile lori la dada lilipita barabarani na namba mpya za serikali, limebeba mawe ya kibanda kipya cha pampu. Cherehani ilisimama. Gia aliacha kutafuna, shingo imempinda kwenye mlio ule.

"Anaingiza ya tatu mapema mno," akasema. "Ataua klachi huyo."

"Kula," dada akamwambia. "Si letu."

Gia akainamia sahani. Lori lilifika mwisho wa barabara, likakata kona, likaguna tena pale pale. Dada alikuwa bado hajakanyaga cherehani.

"Atarudi kuchukua mawe mengine," alisema bila kuinua kichwa. "Msimamishe umwonyeshe."